Saa ya Maria Millis

Bwana asifiwe, wapendwa. Somo la juma hili ni 2 Wafalme 5:1–4, pamoja na Mithali 31:8.

Habari ya Naamani, jemadari wa Shamu mwenye ukoma, tukiisoma huwa tunakimbilia mtoni Yordani alikoponea. Safari hii mimi nimekwama nyumbani kwake, kwa yule binti mateka aliyemtumikia mkewe. Jina lake hatuambiwi. Alisema neno moja tu, kwamba yuko nabii Samaria awezaye kumponya, tena si kwa Naamani mwenyewe, na jemadari akafunga safari.

Nikamkumbuka Maria Millis. Huyu alikuwa mtumishi katika nyumba ya wakuu huko Uingereza, mwanzoni mwa karne ya 19. Mtoto wa nyumba hiyo, Anthony Ashley-Cooper, alizaliwa London mwaka 1801, na ndiye aliyekuja kuwa Earl (cheo cha kikabaila) wa 7 wa Shaftesbury. Mali ilikuwepo, ila upendo ulikuwa adimu: baba mkali, mama na shughuli zake za wakubwa, na kuna usiku watoto walilala na njaa na baridi humo humo ndani ya fahari. Maria ndiye aliyempakata, akamsimulia habari za Yesu na kumfundisha kuomba. Kwetu tungemwita dada wa kazi. Anthony alipelekwa bweni akiwa na miaka 7; Maria akafariki Anthony angali shuleni, akamwachia saa yake ya dhahabu.

Mwaka 1826 Anthony aliingia bungeni. Mwaka 1842 ripoti ya machimbo ya makaa ya mawe ikatoka, ikiwa na michoro. Watoto wa miaka mitano, sita, walikalishwa peke yao gizani chini ya ardhi kutwa nzima, kazi yao kuvuta kamba ya mlango wa hewa kila kigari kinapopita. Wakubwa wao kidogo, wavulana kwa wasichana, walifungwa mkanda kiunoni na mnyororo ukapita katikati ya miguu, wakatambaa kama wanyama wakivuta makaa. Tarehe 7 Juni lodi huyu alisimama akawasemea. Mwaka huo huo sheria ikakataza wanawake, wasichana, na wavulana wa chini ya miaka 10 kufanya kazi chini ya mgodi.

Mengine hayakwenda upesi hivyo. Sheria ya saa 10 za kazi viwandani aliianza 1833, ikapita 1847, na siku inapita yeye hakuwa bungeni. Alikuwa amejiuzulu kiti mwaka uliotangulia kwa ajili ya dhamiri. Watoto waliopandishwa ndani ya dohani kufagia masizi ndio waliongoja zaidi. Sheria zilitungwa 1840 na 1864, watu wakazipuuza. Februari 1875 George Brewster, mvulana mdogo, alikwama katika dohani ya hospitali karibu na Cambridge, akafa. Ndipo ikapatikana sheria yenye meno. Mzee alikuwa na miaka 74.

Tusimfanye malaika. Hakupenda watu wa kawaida waongezewe haki ya kupiga kura. Na wakati anawakemea wenye viwanda, vibarua wa shamba la baba yake walikuwa wakiishi katika vibanda vya aibu, na wapinzani hawakuacha kumkumbusha. Aliporithi mwaka 1851 alianza kuwajengea, mara nyingi kwa fedha za kukopa.

Alifariki Oktoba 1885. Ibada ilifanyika Westminster Abbey, na barabarani maskini wa London walijipanga kumsindikiza: wachuuzi wa mikokoteni, wauza maua, wapiga viatu rangi.

Ile saa aliivaa maisha yake yote. Alipenda kuitoa na kuwaambia watu kwamba alipewa na rafiki bora kuliko wote aliopata kuwa nao duniani. Hata uzeeni, lodi mwenye mvi, bado alikuwa akiomba kwa maneno aliyofundishwa na Maria.