Mtoto au mtu mzima? Inategemea nyumbani kwenu kuna karatasi gani

Kila Panya Road, yale magenge ya vijana wa mapanga, wakirudi mjini maneno ni yaleyale, ooh watoto wa siku hizi wameharibika, wafungwe, sheria inawadekeza. Ilikuwa hivyo Januari 2015 Dar ilivyokimbizana kwa uvumi mpaka maduka yakafungwa na polisi wakazoa vijana kwa mamia, ikawa hivyo tena Septemba 2022. Sibishi kwamba wapo wanaoingia na mapanga ndani kwa watu, na ukishavamiwa huna muda wa kuuliza mtu ana miaka mingapi. Ila hiyo sheria inayodekeza, inamdekeza nani? Mtaani kwetu sijaiona.

Kwenye makaratasi iko poa kabisa. Sheria ya Mtoto ya 2009 inasema aliye chini ya miaka 18 asihukumiwe kifungo cha jela, chini ya miaka 10 hana kosa la jinai kabisa, kesi isikilizwe faragha, mzazi awepo, afisa ustawi wa jamii awepo. Sawa. Sasa njoo kwenye majengo. Mahabusu za watoto, yaani pa kuwaweka wakisubiri kesi, Tanzania Bara kwa miaka mingi zilikuwa 5 tu: Upanga hapa Dar, Tanga, Arusha, Moshi na Mbeya. Shule ya maadilisho, ya kuwarekebisha watoto waliotiwa hatiani, moja, Irambo, hukohuko Mbeya. Wewe kamatwa Kigoma au Rukwa uone, unalala na wakubwa na kesi inapigwa kalenda tu.

Halafu umri wenyewe unathibitishwaje? Sensa ya 2012 ilionyesha wenye cheti cha kuzaliwa Bara hawafiki hata mmoja kati ya watano. Mpango wa kuwasajili bure walio chini ya miaka mitano umeanza 2013 kule Mbeya ndo ukasambaa mikoani polepole, kwa hiyo hawa vijana wa sekondari wengi uliwapita.

Nimeliona hili kwa macho. Madogo wawili wa mtaani walidakwa pamoja kwa simu ileile, tena aliyeichomoa hata hajulikani ni yupi kati yao. Wa kwanza mama yake anafanya kazi ofisini, akaja na cheti cha kuzaliwa cha dogo, kitambulisho chake cha NIDA na barua ya serikali ya mtaa, jioni dogo yuko nyumbani anakula. Wa pili analelewa na bibi. Bibi kaja na kadi ya kliniki kaifunga kwenye mfuko wa rambo, wino umefutika pale penye mwaka, bado unasoma mwezi na tarehe tu. Askari akaigeuzageuza, akamwangalia dogo, mrefu kweli, na ana visharubu, akasema bibi huyu ni baba wa mtu. Ikaandikwa miaka 19. Basi, dogo akapelekwa na wakubwa, na mdhamini hana.

Hiyo ni simu. Kwenye ubakaji inatisha zaidi, maana binti wa chini ya 18 kisheria hawezi kuridhia, kwa hiyo hata hawa wapenzi wa form three na form four wanaingia humo. Kanuni ya Adhabu inasema mvulana wa miaka 18 au pungufu, kama ni kosa la kwanza, adhabu yake ni viboko tu. Mtu mzima anaanzia miaka 30 jela. Yaani kati ya viboko na miaka 30 kuna kikaratasi cha RITA, wale wanaotoa vyeti vya kuzaliwa, hapo katikati, na mwenye nacho mara nyingi ni yule ambaye kwao kuna hela na msomi wa kufuatilia.

Na si kwamba hakimu kafungwa mikono. Sheria ya Mtoto hiyohiyo inamtaka achunguze umri, kwa hiyo akiletewa cheti cha ubatizo au rejista ya shule ya msingi anaweza kuviangalia, hata daktari anaweza kuulizwa. Tatizo lazima mtu asimame aseme mheshimiwa, huyu ni mtoto. Wakili wa bure yupo kwa Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017, ila bibi hajui pa kumpata, na afisa ustawi ni mmoja ana kata nzima na ugomvi wa matunzo juu yake.

Kwa bibi tulichofanya, tulienda shule aliyosomea dogo darasa la kwanza. Mwalimu mkuu akafukua rejista, mwaka wa kuzaliwa upo, umeandikwa kwa peni nyekundu. Ana 16. Tumeomba nakala yenye muhuri na tarehe ya kesi ikifika bibi anaenda nayo.