Bima ya Marekani na vipimo vya magonjwa ya zinaa: kwa nini mmoja halipi kitu na mwingine analetewa bili

Ukienda kupima kisonono au kaswende Marekani ukiwa na kadi ya bima mfukoni, bei haiamuliwi na kipimo chenyewe. Inaamuliwa na sababu aliyoiandika daktari kwenye fomu ya maabara, na wewe ni nani kwa mujibu wa mwongozo wa kitaifa, na sampuli yako imepelekwa maabara ipi. Ndiyo maana mume na mke wenye bima moja wanaweza kupimwa siku moja, kliniki moja, mke asidaiwe hata senti, mume aletewe bili ya dola mia kadhaa wiki kadhaa baadaye. Hakuna aliyeibiwa. Karatasi zao zimesomeka tofauti.

Msingi wa yote ni sheria ya mwaka 2010, Affordable Care Act, ambayo wengi tunaijua kwa jina la Obamacare. Inazitaka bima karibu zote zilipie huduma za kinga zilizopewa daraja A au B na jopo la wataalamu liitwalo U.S. Preventive Services Task Force, bila kukutoza chochote, mradi uwe umehudumiwa ndani ya mtandao wa bima yako, yaani kliniki na maabara zenye mkataba nayo. Kesi ya kupinga utaratibu huo ilifika hadi Mahakama ya Juu, na Juni 2025 majaji wakauacha usimame.

Sasa tuone nani yumo. VVU: kila mtu wa miaka 15 hadi 65, na kila mjamzito. Homa ya ini C: watu wazima wa miaka 18 hadi 79. Kaswende: wajawazito wote, na yeyote aliye kwenye hatari zaidi ya kuambukizwa. Klamidia na kisonono: wanawake wanaofanya ngono wenye miaka 24 kushuka chini, na wenye miaka 25 na kuendelea ikiwa wana hatari zaidi, mfano mpenzi mpya, wapenzi zaidi ya mmoja, au mpenzi aliyekutwa na ugonjwa. Homa ya ini B ni ya walio kwenye hatari, na sisi tuliotoka Afrika tunaingia kundi hilo kwa kuzaliwa tu, maana mwongozo unawahesabu waliozaliwa katika nchi ambako asilimia 2 ya watu au zaidi wana virusi hivyo, yaani karibu Afrika yote iliyo kusini mwa Sahara. Daktari asipokuuliza ulizaliwa wapi, kipimo hicho kinakupita. Kiombe kwa jina.

Wanaume ndio wenye pengo. Kwa mwanamume asiye na dalili, jopo limesema ushahidi hautoshi kupendekeza wala kukataa kipimo cha klamidia na kisonono, kwa hiyo sheria haiilazimishi bima kukilipia. Bima nyingine hukilipia kwa hiari. Nyingine hukipitisha kwenye deductible, kile kiasi unachobeba mwenyewe kwa mwaka kabla bima haijaanza kutoa chake. Anayetumia PrEP, dawa za kujikinga na VVU, ana nafuu zaidi: PrEP ina daraja A, na tangu 2021 serikali imefafanua kwamba vipimo vinavyoambatana nayo, vikiwemo vya magonjwa ya zinaa, navyo visitozwe.

Kipo kipimo kimoja ambacho watu hukiomba bila kujua wanachokiomba: damu ya kuangalia malengelenge ya sehemu za siri. Jopo limekipa daraja D kwa mtu asiye na dalili, maana yake linashauri kisifanyike, kwa sababu kinatoa majibu mengi ya uongo yanayosema una virusi kumbe huna. Ukimwambia muuguzi “nipimeni kila kitu”, huenda akaweka alama kwenye HSV-1 na HSV-2 pia, yaani virusi vya malengelenge, na mistari hiyo miwili ni rahisi kurudi ikiwa deni. Usiseme “kila kitu”. Taja unachotaka.

Kabla damu haijatolewa, omba kuiona fomu ya maabara. Namba za tarakimu tano ni vipimo: 87491 ni klamidia, 87591 kisonono, 87389 ni VVU kwa kipimo cha kizazi cha nne, 86780 ni kingamwili za kaswende. Zile zenye herufi mbele ni sababu. Z11.3 ni upimaji wa magonjwa ya zinaa kwa mtu asiyelalamika chochote, Z11.4 ni huohuo kwa VVU, Z20.2 ni kwamba umekutana na mtu mwenye ugonjwa. Ukiona R30.0, hayo ni maumivu wakati wa kukojoa, R36.9 ni uchafu unaotoka kwenye njia ya mkojo. Sababu ikishaanza na R, kipimo hakihesabiki tena kuwa cha kinga. Kimekuwa cha kutafuta chanzo cha dalili, na hapo deductible inaamka.

Watu wetu wengi hujikwaa hapa kwa aibu. Mtu anaona vigumu kusema “nataka tu kujua hali yangu”, basi anabuni kaugonjwa ka kusingizia: mkojo unachoma kidogo, daktari. Kasingizio hako ndiko kanakoandikwa, na ndiko kanakolipiwa. Kama huna dalili, sema huna dalili na umekuja kupima kawaida. Lakini kama unazo, usizifiche ili upate bure; huo ni ushauri wa mtaani na ni mbaya. Mwenye dalili huweza kutibiwa siku hiyohiyo bila kungoja majibu, sindano moja ya ceftriaxone miligramu 500 kwa kisonono, doxycycline miligramu 100 mara mbili kwa siku kwa siku 7 kwa klamidia. Aliyejificha anarudi nyumbani na ugonjwa wake.

Kiswahili chako kikikutosha kuliko Kiingereza, omba mkalimani. Kliniki na bima zinazopokea fedha za serikali kuu zinatakiwa kumtoa bila malipo, hata kwa simu. Mtoto wako au shemeji si mtu wa kukutafsiria habari hizi.

Mtego mwingine uko kwenye maabara. Kliniki inaweza kuwa ndani ya mtandao wa bima, lakini mkojo wako ukapelekwa maabara iliyo nje yake. Bili hiyo huja peke yake, kwa jina usilolijua, na wengi huitupa wakidhani ni utapeli. Uliza pale kwenye kiti: sampuli hii inakwenda wapi? Kama si maabara ya bima yako, omba fomu uipeleke mwenyewe kwenye iliyo ndani. Ada ya kumwona daktari nayo ina kanuni yake. Shabaha kuu ya ziara ikiwa ni huduma ya kinga, na haikutozwa kando, hupaswi kulipia ziara. Ukienda kwa mgongo unaouma kisha ukaongezea “na vipimo pia”, ziara ni ya mgongo na utailipia hata kama vipimo ni bure.

Wanaofanya ngono ya mdomo au ya njia ya nyuma wanahitaji sampuli za koo na za njia ya haja kubwa, kwa sababu mkojo hauonyeshi maambukizi ya huko. Hapo namba 87491 inatokea mara tatu kwenye dai moja, yaani ombi la malipo ambalo kliniki huipelekea bima, na kompyuta ya bima inaweza kuzikataa mbili ikidhani zimerudiwa. Dawa yake ni kliniki kuongeza alama ya 59 inayoonyesha kuwa ni sehemu tofauti za mwili. Ukiona vipimo viwili vimekataliwa na kimoja kimepita, usiilaumu bima kwanza. Pigia watu wa malipo wa kliniki.

Hesabu ya deductible inawachanganya wengi, basi tuchukue mfano wa kubuni. Deductible ni dola 2,000, mwaka huu umeshatumia 300. Kliniki inadai 600 kwa vipimo, bei iliyokubaliwa na bima ni 220. Vikiandikwa kama kinga na wewe unastahili, unalipa sifuri. Vikiandikwa kama vya dalili, unalipa 220 zote, na hesabu yako ya mwaka inapanda hadi 520. Zile 380 zilizobaki kliniki iliyo ndani ya mtandao haina ruhusa ya kukudai.

Kwa hiyo piga namba iliyo nyuma ya kadi kabla ya kwenda. Usiulize “mnalipia vipimo vya zinaa?” maana utajibiwa ndiyo, na ndiyo hiyo haina maana. Uliza hivi: mimi ni mwanamume wa miaka 31, kipimo 87491 na 87591, sababu Z11.3, maabara fulani. Nitalipa kiasi gani? Andika tarehe, jina la aliyekujibu na namba ya kumbukumbu ya simu hiyo.

Suala la siri linawaumiza watu kuliko fedha. Baada ya dai, bima hutuma karatasi iitwayo Explanation of Benefits, mara nyingi kwa mwenye bima. Mwenye bima akiwa mume, au mzazi wa kijana anayekaa kwenye bima ya nyumbani hadi miaka 26, ataona tarehe, kliniki, na pengine aina ya huduma. Una njia mbili. Ya kwanza ni kuiandikia bima ombi la mawasiliano ya siri, ili barua ziende anwani nyingine. Sheria ya HIPAA, inayolinda siri za wagonjwa, inailazimu bima ikubali ukieleza kuwa habari hizo zikifichuka unaweza kuhatarishwa. Majimbo mengine yanakwenda mbali zaidi, California ikiwemo. Ya pili ni kulipa mwenyewe gharama yote na kuiambia kliniki kwa maandishi isipeleke dai kwa bima, nayo inapaswa kutii. Kumbuka maabara ni mdai mwingine, ilipe na kuiandikia vivyo hivyo. Mabinti na vijana wa chini ya miaka 18 wanaweza kupimwa bila saini ya mzazi katika majimbo yote 50, ingawa mengine yameweka umri wa chini.

Si kila kadi inayoitwa bima ni bima kwa maana hii. Bima ya mgeni au ya safari, ile tunayowakatia wazazi wakija kututembelea, haifungwi na sheria ya 2010. Bima za muda mfupi hazifungwi, na vikundi vya kidini vya kuchangiana gharama za matibabu si bima kabisa. Wanafunzi wasome mkataba wa chuo, kwani mipango ambayo chuo kinaibeba chenyewe inaweza kuwa na masharti yake.

Asiye na bima aanze na idara ya afya ya kaunti, ambako mara nyingi vipimo ni bure au ada ndogo, pamoja na tiba. Kliniki za Title X, mpango wa serikali kuu wa uzazi wa mpango, hazimtozi mwenye kipato kilicho chini ya mstari wa umaskini, na hupunguza bei kwa ngazi hadi asilimia 250 ya mstari huo. CDC, taasisi ya serikali kuu ya kudhibiti magonjwa, ina tovuti ya kutafuta kituo kwa kuandika namba ya posta ya unakoishi. Kwa wanaoogopa karatasi zao za uhamiaji: sheria ya 1996 iliyowafungia wahamiaji wengi huduma za serikali kuu iliacha nje misaada ya afya ya umma ya kupima na kutibu dalili za magonjwa ya kuambukiza, mradi si Medicaid, bima ya serikali ya wenye kipato kidogo. Ukipatikana na kaswende, kisonono, klamidia au VVU, maabara hutoa taarifa idara ya afya. Mwajiri hayumo kwenye orodha hiyo.

Ukilipa taslimu, omba makadirio ya gharama kwa maandishi. Tangu 2022 ni haki ya asiye na bima na ya aliyeamua kutoitumia. Bili ikizidi makadirio kwa dola 400 au zaidi, una siku 120 za kulipinga jambo hilo serikalini.

Na bili ikija licha ya yote? Usilipe siku hiyo, wala usiipuuze. Iweke kando ya Explanation of Benefits, linganisha tarehe, namba na sababu. Kosa la sababu hurekebishwa na kliniki, wala si bima: waombe watume dai upya lenye Z11.3 kama kweli hukuwa na dalili na rekodi ya daktari inasema hivyo. Bima ikikataa tena, una siku 180 tangu taarifa ya kukataliwa kukata rufaa ndani, na rufaa ikishindikana unaweza kuomba mkaguzi wa nje ndani ya miezi 4.

Fedha nyingine hupotea kwa kupima mapema mno. Kipimo cha VVU cha maabara kwa damu ya mshipa huonyesha maambukizi kati ya siku 18 na 45 baada ya tukio. Ukienda siku ya 5 utarudia. Aliyetibiwa klamidia akipima kabla ya wiki 4 anaweza kuonekana bado anaumwa kwa sababu ya mabaki ya vijidudu vilivyokufa. Kurudia kunakoshauriwa ni baada ya miezi 3.

Mwisho, uchunguzi wa green card, fomu I-693, kwa kawaida bima haiulipii. Daktari aliyeteuliwa na USCIS, idara ya uhamiaji, hupima kaswende kwa wenye miaka 18 hadi 44 na kisonono kwa wenye 18 hadi 24. VVU viliondolewa kwenye orodha Januari 2010. Bei ni ya daktari mwenyewe, kwa hiyo pigia watatu au wanne ulinganishe, uulize kama vipimo vya maabara vimo ndani ya bei hiyo, na uombe nakala yako kabla hajaifunga bahasha.