Bugali bila muhogo: hatimaye imeshikana

Imekubali! Jana jioni Mama amemega tonge la bugali (ugali) ya soya, akalibonyeza na kidole gumba, akachotea sombe (majani ya muhogo), na tonge halikuvunjika. Wenzangu wa huu mradi wa kutafuta bugali isiyopandisha sana sukari ya Mama, maana ana kisukari, mnajua vile nimeteseka na hii kushikana tu. Ladha ilishakuwa sawa zamani. Shida ni kwamba soya haina wanga wa kutosha, na ule wanga wa muhogo ndio unakunywa maji, unavimba kwenye moto, bugali inavutika. Ukiutoa unabaki na kitu kama mchanga uliolowa. Mayai peke yake yanatoa omleti. Shu (kabichi) iliyokunwa na kukamuliwa inatoa maji kwenye sahani. Karanga za kusaga ndio usiseme, mafuta yanapanda juu, tonge linateleza mkononi, siku ile nilikasirika nikaacha sufuria palepale nikatoka nje.

Dawa ni dongodongo, ile bamia. Unakata nyembamba, unaanika mpaka ivunjike, unatwanga. Ule utelezi ndio unashika. Kijiko cha huo unga kwa vikombe viwili vya unga wa soya (iliyochemshwa, ikakaushwa ndio ikasagwa, mbichi inasumbua tumbo), yai moja, moto mdogo, unasonga. Lakini unga wa dongodongo uchanganye na soya vingali vikavu, ukiumwaga kwenye maji ya moto ni mabonge tu. Halafu funika, iache kidogo, hapo ndipo inakaza.

Na mutumie kinu. Miksa ya umeme sitaki tena kuisikia, inapasha unga moto, na umeme wenyewe unakatika katikati ya kazi.

Sasa sukari. Saa mbili baada ya bugali ya muhogo sukari ya damu ya Mama ilikuwa inapita 220 mg/dl, jana 148, na sombe ileile na sambaza (samaki wadogo) zilezile. Kipimo kimoja hakitoshi, nangoja HbA1c, kipimo cha damu kinachoonyesha wastani wa sukari wa karibu miezi 3. Lakini hesabu inaeleweka: gramu 100 za unga wa muhogo ziko na zaidi ya 80 za wanga, soya kama 30, tena karibu 10 ni nyuzinyuzi. Wala si mambo ya jana, daktari John Rollo alishaandika mwaka 1797 juu ya kutibu sukari kwa kupunguza vyakula vya wanga, hata insulini haijajulikana.

Kwa dawa za kisukari, Mama anakunywa metformini tu. Kama mzazi wako yuko kwa glibenklamidi ao insulini, ongeeni na daktari MBELE ya kupunguza bugali, sukari inaweza kushuka vibaya sana. Na bandeleti (vile vipande) za kupimia sukari, funga kichupa mara moja, unyevu wa Bukavu unaziharibu na ziko bei.

Nilipanga wiki hii nianze mkate, nimeuweka kando. Nimenunua sambaza kavu pale Kadutu, nataka nizisage nichanganye humohumo, nione kama soya inaweza kupungua nusu na tonge libaki limeshikana.