Zardozi huharibikia kwenye fremu, siyo kwenye sindano

Gauni la sendofu lenye zardozi, yaani darizi ya waya wa dhahabu, likirudi kwa fundi huku dabka (vile vipande vya waya uliosokotwa) zimesimama kama miiba, lawama yote huangukia uzi. Mara nyingi uzi hauna kosa. Kitambaa kililegea tangu siku ya kwanza. Kikilegea, kila mshono unakivuta kidogo: nafasi ya milimita 4 inabaki 3, na dabka uliyoikata kwa milimita 4 haina pa kulala, inanyanyuka.

Zardozi ni neno la Kiajemi, zar ni dhahabu na dozi ni kushona. India iliikuza sana enzi za Akbar (1556–1605), na mpaka leo Lucknow, Bareilly na Agra wanaishi kwayo. Zamani waya ulikuwa wa fedha iliyopakwa dhahabu. Unaouzwa sasa kwa wingi ni wa shaba iliyopakwa rangi, au plastiki yenye mng'ao. Ukitaka kujua umeuziwa nini, choma kipande kidogo: plastiki inayeyuka na kujikunja kuwa kidonge, shaba inabaki waya.

Turudi kwenye fremu (siyo ya duka). Wahindi huiita karchob au adda. Ni mbao nne: mbili ndefu za kuzungushia kitambaa, mbili za kutanua, zenye matundu ya kupigilia vijiti. Mninga unafaa. Paini hupinda ukiukaza. Kwenye zile ndefu funga utepe wa jinzi nzito, kisha shonea kitambaa kwenye utepe huo kwa kufuata nyuzi zake, siyo kwa mshazari. Pembeni pitisha kamba kila baada ya sentimita 3 hivi. Gonga kwa kidole: kilie kama ngoma ya muheme iliyotoka kuanikwa juani. Usiku kinalegea, kwa hiyo asubuhi gonga tena, kaza tena. Shifoni haivumilii uzito wa waya, itilie bafta chini.

Ua huchorwa kwenye karatasi laini, halafu mistari inatobolewa kwa sindano, tundu baada ya tundu, juu ya blanketi lililokunjwa. Unga mweupe wa chaki unakorogwa na mafuta ya taa, unasuguliwa juu ya karatasi kwa kitambaa. Mafuta yanaruka, unga unabaki. Rojo liwe zito kama uji wa ulezi. Likiwa jepesi linapenya chini ya karatasi na ua linakuwa doa. Kitambaa cheupe kinataka bluu ya kufulia badala ya chaki, na kwanza jaribu kwenye kipande cha kutupa.

Mistari ya kuzungushia ua hushonwa kwa aari, sindano yenye ndoano ndogo nchani. Mkono mmoja uko chini na uzi, mwingine juu na sindano. Ingiza, nasa uzi, geuza sindano nusu mzunguko, ndipo uvute. Asiyegeuza anatoka na nyuzi za kitambaa.

Dabka yenyewe ni waya uliosokotwa kama springi ya kalamu, ila mwembamba mno. Ikate vipande vya milimita 3 hadi 5 juu ya kipande cha mahameli ili visiviringike, na madirisha yafungwe: upepo wa Dodoma wa Agosti hauombi ruhusa. Tumia sindano nyembamba ya kawaida. Ibukia juu, pitisha kipande kama ushanga, zama kwa umbali uleule wa urefu wake. Ukitaka jani lenye mwinuko, tandika kwanza nyuzi za pamba, kisha kata dabka ndefu kidogo ivuke kilima hicho kwa mshazari. Usiivute kamwe. Springi ikifunguka hairudi, itupe. Uzi upake nta ya nyuki, na huku Dodoma na Singida haikosekani. Bila nta, kingo za waya zinaulegeza na kuukata.

Kosa linalouma zaidi ni kukata gauni kabla ya kudarizi. Chora mkato kwenye kitambaa kizima, darizi, ndipo ukate. Acha sentimita 1.5 tupu kila upande wa mshono, kwa sababu sindano ya cherehani ikigonga dabka inavunjika. Pengo utalijaza kwa mkono baadaye.

Pasi ni upande wa nyuma tu, moto mdogo, juu ya taulo nene, bila mvuke. Manukato yapuliziwe mwilini kabla ya kuvaa, maana shaba ikikutana na jasho na pafyumu inaweka weusi. Hewa yetu kavu inaitunza vizuri. Gauni likienda kwenye harusi Tanga, kwenye unyevu wa pwani, mwambie mwenyewe alizungushie bafta na kulivingirisha, asilifungie kwenye mfuko wa nailoni.