Miswada Kumi na Mitatu ya Zamu ya Usiku

Jumapili, usiku

Likitajwa jina la Brandon Sanderson, mwandishi Mmarekani wa riwaya za fantasia, siku hizi, mtu wa pili atataja zile dola milioni 41 alizochangiwa na wasomaji. Sawa, tutazifikia. Ila kwangu kitovu cha habari ni meza ya mapokezi ya hoteli moja mjini Provo, jimbo la Utah, alikokuwa akifanya kazi usiku alipokuwa mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Brigham Young. Alikuwa ameshaacha biokemia, amehamia Kiingereza. Zamu ya usiku aliichagua kwa hesabu: mgeni wa mwisho akishachukua ufunguo, anayekaa mapokezi hana shughuli kubwa mpaka alfajiri, na kuandika hakumkeri mtu.

Miswada ikajazana. Mhariri wa Tor, kampuni ya uchapishaji, alipomtafuta mwaka 2003, Sanderson alikuwa kwenye mswada wa kumi na tatu na hajachapisha hata mmoja. Ulionunuliwa ni wa sita, Elantris, ambao alikuwa ameupeleka mwaka mmoja na nusu nyuma. Ulitoka 2005.

Habari hii husimuliwa kama kisa cha subira. Mimi naona kuna jambo zito zaidi katikati yake. Kila alipokataliwa aliambiwa vitabu vyake ni virefu mno, tena havina ukatili unaouzika. Akatii. Akaandika vifupi, vyenye giza, na vikawa vibaya kuliko vile vya mwanzo, kwa kuwa alikuwa akipika chakula asichokipenda mwenyewe. Mswada wa kumi na tatu ulikuwa wa kurudi kwenye anachokipenda mwenyewe: mnene, wenye ulimwengu mzima ndani yake, liwalo na liwe. Nao ulikuwa na kasoro. Wahusika walikuwa wengi, kila mmoja ameanzishiwa safari, na hakuna aliyefikishwa popote.

Akauweka kando, akauandika upya tangu ukurasa wa kwanza, ukatoka 2010 kwa jina la The Way of Kings, zaidi ya kurasa 1,000. Badiliko lililouokoa ni dogo ukilitazama kwa juu. Kijana anapata nafasi ya kumiliki upanga wa ajabu unaompandisha mtu cheo papo hapo. Katika mswada wa zamani anaupokea. Katika kitabu anaukataa, na kukataa huko ndiko kunakoivuta riwaya yote iliyobaki.

Riwaya yake ya Mistborn ya 2006 nayo ni ya mabaki: mawazo ya miswada miwili iliyoshindwa yaliunganishwa. Humo mtu humeza madini na kuyachoma tumboni, na kila madini yana kazi yake. Chuma cha pua husukuma metali, chuma cha kawaida huvuta. Chukua sarafu moja. Ukiisukuma ikiwa hewani, inaruka kama risasi, kwa kuwa wewe ni mzito kuliko yenyewe. Idondoshe chini ya miguu yako halafu uisukume: ardhi inaizuia, haina pa kwenda, kwa hiyo unayeruka ni wewe. Msomaji akishaielewa sarafu hiyo, mwandishi anaweza kumtorosha mhusika juu ya mapaa bila kuonekana mdanganyifu. Sanderson ameifanya hiyo kanuni yake ya kwanza: uchawi utumike kutatua tatizo kwa kadiri msomaji anavyouelewa. Ya pili naipenda zaidi: usichoweza kukifanya kwa uchawi kina uzito kuliko unachoweza.

Septemba 2007 mwandishi Robert Jordan alifariki akiwa hajamaliza The Wheel of Time, mfululizo wake wa riwaya za fantasia. Mjane wake, Harriet McDougal, ambaye pia ndiye aliyekuwa mhariri wake, akamchagua Sanderson. Kitabu kimoja kilichokusudiwa kikawa vitatu, cha mwisho Januari 2013. Umaarufu ulikuja hapo, na sina la kuongeza.

Jambo la kuibiwa na kila anayeandika ni jinsi anavyopunguza rasimu. Huwa kuna mzunguko mmoja wa uhariri ambao lengo lake ni kukata asilimia 10. Tukio likiwa na maneno 1,500, yaondoke 150 hivi. Tukio lenyewe halifutwi. Yanayokwenda ni sentensi inayorudia iliyotangulia, vivumishi viwili vinavyofanya kazi ya kimoja, na maelezo ya hasira wakati mhusika ameshabamiza mlango. Anayeruka hatua hii kwa kuogopa kupoteza kurasa hubaki na kitabu kinachokwenda kama gari lenye breki iliyoshika.

Sasa zile fedha. Machi 2022 alifungua kampeni kwenye Kickstarter, tovuti ya kuchangisha fedha za miradi, akiomba dola milioni moja kwa siku 30 ili achapishe riwaya zake mwenyewe. Watu 185,341 walichanga zaidi ya milioni 41.7. Baada ya hapo kazi ni ya ghala: maboksi, karatasi, usafirishaji, mwezi baada ya mwezi mwaka 2023 wote, chini ya kampuni yake mwenyewe, Dragonsteel. Wengi wameiga kampeni ile wakiwa na sura tatu na ahadi. Yeye alikuwa na riwaya nne, alizoziandika kimyakimya janga la korona lilipomfutia safari, ya kwanza akiwa amemwandikia mkewe bila mkataba wowote. Siku ya kutangaza zote nne zilikuwa zimeshaandikwa. Waliolipa walikuwa wakisubiri kiwanda cha uchapaji tu.