Jioni Bunju Alipokwama Kwenye Kopo

Kwa siku kumi na moja bunju wangu, samaki anayejivimbisha akiogopa, alikuwa akifanya jambo moja tu. Anaanzia kona ya kushoto ya kioo, anapanda mpaka juu, anashuka mpaka tumbo liguse mchanga, anapanda tena. Siku ya tisa nilichukua saa nikahesabu: safari 38 ndani ya dakika kumi. Alikuwa bunju wa mto Nile, Tetraodon lineatus, ambaye wafugaji humwita fahaka. Urefu wake sentimita 22, na aliishi peke yake kwenye tangi la lita 540: urefu sm 180, upana 60, kimo 50. Upweke huo ni wa lazima, maana fahaka aliyekua humrarua karibu kila samaki anayewekwa naye.

Bunju akianza kukwea kioo namna hiyo, wengi hukimbilia kusema amechoka na maisha. Maji ndiyo ya kuulizwa kwanza. Samaki huyu hana magamba, kwa hiyo amonia, sumu itokanayo na uchafu wa samaki na mabaki ya chakula, hata ikiwa kidogo tu humuunguza ngozi na matamvua, na mojawapo ya dalili zake ni huku kuhangaika kwenye kioo. Nilipima: amonia 0, nitriti 0, nitrati miligramu 20 kwa lita, joto nyuzi 26. Maji hayakuwa na neno.

La pili ni kivuli chake mwenyewe. Taa ya tangi ikiwa kali na chumba kikiwa na giza, bunju hujiona kiooni, akadhani kuna mpinzani anayemfuata kila anapogeuka. Hili hupimwa kwa mwanga: unawasha taa ya chumba, unapunguza ile ya tangi, unaacha hivyo siku nzima. Kama kivuli ndicho kinachomsumbua, atatulia. Wangu aliendelea vile vile.

Basi ikabaki akili. Na hapo kosa lilikuwa langu, tena lilionekana waziwazi kwenye ratiba ya chakula. Jumatatu, Jumatano na Jumamosi, saa moja jioni, kona ile ile ya kulia, nilidondosha nyama ya kome iliyokwisha kutolewa ganda. Mlo mzima ulikwisha kabla dakika haijatimia. Muda wote uliobaki wa juma hakuwa na kazi. Na huyu ni samaki ambaye macho yake mawili huzunguka kila moja kivyake, moja likichungulia mwamba huku jingine likitazama nyuma. Meno yake manne yameungana kuwa kama mdomo wa kasuku, na hayaachi kuota. Kiumbe cha namna hiyo kimeumbwa kutafuta konokono na kaa, kuwageuza, kuwavunja. Ukimletea nyama laini mdomoni umemnyang'anya kazi yake, na meno nayo yanarefuka mpaka siku moja anashindwa kufungua kinywa.

Nilidhani nina dawa. Nilichukua kopo la plastiki angavu la lita mbili lenye kifuniko cha kuzungusha, nikakata tundu la duara katikati ya kifuniko, sentimita tano na nusu. Ndani niliweka konokono wawili na jiwe la kulizamisha, kisha nikalilaza juu ya mchanga. Wazo lilikuwa aone chakula, ashindwe kukifikia kupitia plastiki, azunguke mpaka agundue mlango.

Aligundua baada ya dakika nne, na mpaka hapo nilikuwa najipongeza. Aliligonga kopo ubavuni mara mbili, akarudi nyuma, akalitazama kwa jicho la kushoto, akazunguka kwa upande wa kifuniko. Akaingiza pua, kisha macho, kisha kichwa chote. Ukingo wa tundu ukakaa mbele kidogo ya mapezi ya ubavuni, hasa mahali ulipo upenyo mdogo wa matamvua. Alipojaribu kurudi, mapezi yakatanuka na kukamata. Hapo akaogopa, akafanya kile bunju hufanya akiogopa: akameza maji, na tumbo likavimba nje ya kifuniko kama mpira uliofungwa kizibo.

Kosa la kwanza kwa jambo kama hili ni kumvuta. Ngozi ya bunju ni laini, na ukingo wa plastiki iliyokatwa kwa kisu ni msumeno. Kosa la pili, lililo baya zaidi, ni kumtoa nje ya maji pamoja na kopo ili uone vizuri unachofanya. Bunju anayevimba nje ya maji humeza hewa badala ya maji, na kuitoa hewa hiyo ni kazi ngumu kwake. Anaweza kubaki akielea kichwa chini, akikaribia kufa, huku wewe ukidhani umemwokoa. Ndiyo maana hata siku za kawaida bunju hahamishwi kwa wavu. Huingizwa kwenye ndoo au bakuli humo humo majini, akabebwa na maji yake.

Nilizima taa ya tangi na ya chumba, mdogo wangu akashika tochi akiielekeza ukutani ili mwanga usimpige samaki. Nikavaa glavu nene za mpira, kwa sababu mdomo unaovunja kaa hauchagui kidole. Kisha nikashika kopo kwa mkono mmoja na kifuniko kwa mwingine, nikazungusha kopo taratibu huku kifuniko nimekituliza pasipo kumsokota samaki. Mizunguko miwili na nusu, kopo likatoka. Akabaki amevaa kifuniko kama kola shingoni.

Hatua hiyo ilikuwa na maana kuliko nilivyojua wakati ule. Kopo halikuwa na tundu lolote zaidi ya lile la kifuniko, na samaki alikuwa ameliziba kwa mwili wake. Maji aliyokuwa akivuta kwa kinywa yalikuwa yale yale ya ndani ya kopo, na oksijeni ilikuwa inakwisha. Kopo lilipotoka, nilimwona akifungua kinywa haraka haraka, mara nyingi kuliko niwezavyo kuhesabu.

Mkasi ulikuwa mkononi tayari, lakini sikuutumia. Ukimgusa bunju aliyevimba, anazidi kuvimba. Tukaondoa mikono majini, tukakaa kimya. Dakika ya saba tumbo lilianza kupungua, kama pumzi ndefu inayotolewa kwa mafungu. Dakika ya tisa mapezi yalilala ubavuni, akapiga mkia mara moja kinyumenyume, na kifuniko kikadondoka mchangani.

Alibaki na mchubuko mwembamba nyuma ya jicho la kulia, wa sentimita mbili hivi. Hapa wengi humwaga dawa. Baadhi ya dawa za samaki zina shaba, na bunju huumizwa na shaba upesi kuliko samaki wenye magamba. Maji safi yalitosha: kwa siku tano mfululizo nilibadilisha asilimia 30 kila siku, maji mapya yakiwa ya joto lile lile na yametiwa dawa ya kuondoa klorini. Siku mbili alijificha chini ya gogo bila kula. Siku ya tatu alikula, na kufikia siku ya tano alama ilikuwa imefifia.

Kanuni ya tundu niliyoipata usiku ule ni fupi. Ama tundu liwe dogo kuliko ncha ya mdomo wake, ili chakula kitoke lakini yeye asiingie. Ama liwe kubwa angalau mara mbili ya unene wake akiwa hajavimba. Saizi za katikati ni mtego. Ukingo usuguliwe kwa msasa mpaka kidole kisiukwaruze, na kopo litobolewe matundu ya milimita tano pande zote ili maji yapite. Kwa fahaka ninapendelea aina ya kwanza: anagonga kopo, linabingirika, kipande kinadondoka.

Lakini hata kopo lililotengenezwa vizuri si kitu kikubwa. Mara ya tatu analijua, mara ya sita anachoka. Ninachokiamini ni konokono hai. Wanaofaa ni wale wa gamba jembamba, ukubwa wa kucha ya kidole gumba, sita kwa mlo, wakiachiwa sehemu tatu tofauti robo saa baada ya taa kuzimwa nusu, wapate muda wa kutambaa na kujificha. Wale wembamba warefu wenye gamba lililosokotwa kama parafujo niliwaacha. Gamba lao ni gumu mno na bunju wadogo huvunjika meno kwao. Konokono wa mtoni au wa bustanini nao hawafai, kwa vimelea na sumu za shambani. Afadhali uwazalishe mwenyewe kwenye beseni la lita 20. Mabaki ya nyama yatolewe ndani ya saa mbili, maana chakula kilichofichwa vizuri huoza vizuri pia, na amonia utaikuta kesho yake. Kome na kamba waliogandishwa wasiwe chakula cha kila siku: baadhi yao wana kimeng'enya kinachoharibu vitamini B1.

Mpangilio wa mawe na magogo niliubadilisha siku za kubadilisha maji, lakini theluthi moja tu kwa wakati. Ukigeuza tangi zima, bunju hapati burudani, anapata hofu, kwa sababu maficho yake yametoweka. Mpira wa tenisi ya mezani niliuondoa siku ile ile nilipouweka. Aliung'ata mara moja ukabaki vigae. Kioo cha kujitazamia sikipendi kabisa. Ni ugomvi usio na mshindi. Na kwa kuwa tulishaanza kumpa vitu vya kung'ata, hita ilivishwa kinga na nyaya zikafichwa nyuma ya bomba.

Kilichobadilisha mambo ni fimbo. Fimbo nyekundu ya akriliki isiyo na kiungo wala rangi ya kupakwa, urefu sm 45, na koleo refu la kulishia. Siku tatu za kwanza fimbo inaingia majini na kipande cha chakula kinafuata kando yake ndani ya sekunde mbili, hakuna kingine. Kuanzia siku ya nne fimbo inasimamishwa sentimita kumi kutoka kwake, na chakula hakiji mpaka aisogelee mwenyewe. Akiing'ata, inatolewa kwa sekunde kumi bila malipo. Akiigusa kwa pua tu, analipwa. Dakika tano zinatosha, vipande kumi vidogo, na vyote vinatolewa kwenye mgao wa siku ile, haviongezwi juu yake. Bunju mnene ni tatizo jingine. Usitumie kidole badala ya koleo hata mara moja, kwa kuwa atajifunza hicho upesi kuliko vyote.

Juma la tatu nilihesabu tena kwa saa ile ile. Safari nne kwa dakika kumi, zote kabla ya mlo. Fimbo ilipoingia upande wa kulia aliacha kioo akaja polepole, akasimama shibiri moja mbele yake. Jicho moja lilikuwa kwenye ncha nyekundu. Jingine lilikuwa limegeukia juu, kwenye koleo ambalo nilidhani nimelificha nyuma ya mfuniko wa tangi, na kabla sijaamua la kufanya alinitemea maji usoni.