Isaka Alitoka Kwenda Kondeni

Wapendwa, Bwana Yesu asifiwe.

Jumanne usiku mwanangu alisimama mlangoni na daftari mkononi, akaniambia, "Mama, nimekuita mara tatu." Sikuwa nimemsikia hata mara moja. Nilikuwa najibu kikundi cha maombi kwenye simu. Naam, cha maombi. Aya ya siku ilitumwa, watu wakaitikia amina, zikafuata salamu, picha za harusi, mchango wa matanga, nami nikazama humo tangu saa moja jioni. Nilipopanda kitandani macho yaliwasha, usingizi ukagoma. Nikajaribu kuomba, maneno yakakatika njiani.

Tangu usiku ule nimefuatwa na Mwanzo 24:63. Sura hiyo tumezoea kuwasomea maharusi, tukikimbilia Rebeka na ngamia. Lakini tazameni Isaka alikuwa wapi: alikuwa ametoka kwenda kutafakari kondeni wakati wa jioni. Mama yake amefariki, moyo haujatulia, naye akatoka nje. Huko ndiko alikoinua macho, akaona ngamia wanakuja.

Basi Jumamosi niliacha simu nyumbani nikaenda msitu wa Karura, Nairobi. Mwanzoni niliona aibu, maana kila baada ya hatua chache mkono ulienda mfukoni wenyewe, na mfuko ni mtupu. Kisha karibu na mto nikakuta siafu wakikatiza njia. Nikachuchumaa. Wale wakubwa wenye vichwa vizito walisimama kando kando, taya zimeachama, na wadogo wakapita katikati na mizigo yao. Sijui nilikaa pale muda gani. Juu yangu kima walikuwa wakirukia matawi, majani yananidondokea mabegani. Nilipoinuka nikagundua nilikuwa nimeomba. Watoto wangu wote nilikuwa nimewataja mbele za Mungu, mmoja mmoja, kwa jina.

Wataalamu wana maelezo yao. Rachel na Stephen Kaplan wa Chuo Kikuu cha Michigan, Marekani, walieleza kwamba umakini tunaoulazimisha huchoka, lakini majani, maji na mawingu huvuta macho kwa upole, na akili iliyochoka ikapumua. Mwaka 2008 watafiti wa chuo hicho waliwapima watu kwa kuwataka warudie tarakimu kinyumenyume. Walifanya vizuri zaidi baada ya kutembea kama dakika 50 kwenye bustani ya miti kuliko baada ya kupita barabara za mjini. Hata waliotembea kwenye baridi kali bila kufurahia walifaidika. Kwa hiyo usiseme hujisikii. Bwana mwenyewe aliwaona wanafunzi wamekosa hata nafasi ya kula, akawaambia, "Njoni ninyi peke yenu kwa faragha, mahali pasipokuwa na watu, mkapumzike kidogo."

Ndugu zangu, nitasema kwa upendo, lakini nitasema. Tunatumiana aya saa sita usiku, kisha tunahesabu nani amejibu amina na nani amenyamaza. Mhubiri anasema tufungue Zaburi, tunafungua simu, na kabla ya kuifikia Zaburi tumeshamjibu mtu wa pili. Jua likizama tunalipiga picha tuitume, kulitazama, hatulitazami. Na Karura yenyewe hatukupewa bure! Januari 1999 mtetezi wa mazingira Wangari Maathai na wenzake walishambuliwa pale walipokwenda kupanda miti ili ardhi ile isinyakuliwe, akaondoka kichwa kinavuja damu. Mama yule aliumia ili miti ile isimame, nasi tunapita chini yake tumeinamisha shingo. Tutamwambia nini Mungu aliyeiotesha? Inua macho, mpendwa! Inua macho yako leo! Huenda jibu uliloliombea mwaka mzima linakuja kwa mbali kama ngamia wale, na wewe huoni kwa sababu unatazama kiganja chako.

Asiye na pesa ya kiingilio akae chini ya mparachichi nyuma ya kanisa. Nusu saa tu, bila simu. Mama mwenye mtoto mgongoni, toka naye hivyo hivyo.

Mimi Jumamosi hii narudi Karura na mwanangu. Nimemsimulia habari za siafu, naye tayari ameuliza mara mbili kama watakuwapo. Simu itabaki kabatini. Ukinitumia ujumbe mchana, nitakujibu usiku, akishalala.